Usukani wa Upande wa Pili: Kutoka Juru hadi Mbarara na Kurudi

Madereva wenzangu wa zamani, nyinyi mliobaki Uvira na nyinyi mliotawanyika hadi Bujumbura, mmenitumia jumbe za sauti mpaka simu yangu imejaa. Wote mnauliza jambo moja: ni kweli Bahati wenu, yaani mimi, anaendesha gari upande wa kushoto wa barabara? Nimechoka kumjibu mmoja mmoja, maana kila nikianza kusimulia, majirani wanakusanyika na kuongeza ya kwao. Basi naandika mara moja, msome wote, mcheke wote, yaishe.

Mnajua nilikotoka. Miaka ishirini ya lori kati ya Uvira na Bukavu, usukani kushoto, gari kulia kwa barabara, na mlima wa Ngomo nikiupanda huku napiga gumzo. Halafu mambo yakaharibika, nikajikuta huku Uganda, kambi ya wakimbizi ya Nakivale, kijijini Juru, na kwa miaka saba vyombo vyangu vimekuwa jembe na baiskeli. Watu waliendelea kuniita Shofa, yaani dereva, nami niliendelea kuitika bila haya.

Mwaka huu kikundi chetu cha wakulima kikapata lori kuukuu. Lilikuwa Mbarara, kwenye uwanja wa mwalimu mmoja wa udereva aliyestaafu jeshini. Karatasi za kulipata nazipita, hazina utamu. Mwenyekiti wetu, Mkongomani mwenzetu, alisimama mbele ya kikundi kizima akasema, "Shofa, wende ulete ile kamyo. Lakini kama mwalimu anasema hauwezi, tutakamata dereva wa mujini. Siku ya posho mahindi iko tayari."

Siku ya posho, siku ya mgao wa chakula kambini, ndiyo Jumamosi, na hiyo ilikuwa Jumapili. Nilicheka kwa sauti ili kila mtu asikie. Nilisema kuniuliza mimi kama najua gari ni kumuuliza padri kama anajua Baba Yetu. Wakanipa na mtu wa kunisindikiza: Mama Godelive, Mrundi, katibu wa kikundi na muuza ndagala, dagaa wakavu wa ziwani kwetu. Kazi yake ilikuwa kusikia jibu la mwalimu kwa masikio yake mwenyewe, kwa kuwa jibu hilo wasingependa kulisikia kutoka kwangu.

Njia panda ya Juru

Jumatatu alfajiri tulikuwa njia panda, ukungu umetanda, hatuoni hata migomba ya jirani. Nilichagua mahali pa kusimama kwa uhakika kabisa.

"Shofa, ni hapa kweli?" Mama Godelive aliuliza.

"Mama, mimi nilikuwaka mutu wa barabara. Hapa ndiyo fasi."

Ikaja pikapu yenye magunia matupu, ikapunguza mwendo karibu yetu, nikainua mkono. Dereva akatuashiria tupande nyuma. Sikumwuliza anakwenda wapi. Shofa hamwulizi shofa mwenzake njia, ndivyo tulivyolelewa, na nyinyi mnajua. Tulijipanga juu ya magunia, Mama Godelive akatoa rozari yake, mimi nikalala usingizi mzito wa mtu mwenye kazi mpya.

Aliniamsha baadaye kwa kiwiko. "Jua linatupiga usoni," alisema. "Nilipoenda Mbarara kumuuguza dada yangu asubuhi, lilinipiga mgongoni."

"Barabara inapindaka," nilimjibu, nikafumba macho tena.

Ngarama, bila kukusudia

Barabara haikupinda. Tuliteremka Ngarama, karibu na Tanzania, na Mbarara tulikuwa tumeipa kisogo muda wote ule. Dereva alishangaa sana kutuona tunashangaa. Alitushauri twende kwa mama mmoja mwenye mkahawa tukangoje gari la kurudi.

Mama wa mkahawa alikuwa Mnyankole mwenye kicheko cha karibu. Alituwekea katogo, ndizi zilizopikwa pamoja na matumbo ya ng'ombe, akatutazama tunavyokula kwa huzuni.

"Nyinyi natoka kambi ya Nakivale?" aliuliza.

"Ndiyo, nyabo. Tunaenda Mbarara."

"Sasa mulisimama upande gani ya barabara?"

Nikainua mkono wa kulia. Mama yule alicheka mpaka akaketi juu ya gunia. "Sebo! Uganda gari napita kushoto! Ile ya kwenda Mbarara napita upande ile ingine. Mwezi hii nyinyi iko watu ya tatu. Mukongo, Murundi, Mukongo, Murundi. Wote nakuja kula katogo yangu."

Nilitaka kumwambia kwamba najua, na ni kweli nilijua. Miaka saba nimeyaona magari yakipita. Lakini njia zetu za Juru ni nyembamba, kila gari linapita katikati, kwa hiyo kujua kwangu kulikuwa kichwani tu. Miguu ilikuwa bado inasimama Uvira. Mama Godelive hakunisema kitu, maana na yeye alisimama pale pale bila kushtuka. Kwao Burundi nako ni kulia.

Tatizo la pili tulilileta wenyewe. Mama Godelive aliona katogo haina ladha ya kutosha, akafungua kifurushi chake na kumwaga ndagala juu ya sahani. Harufu ikajaa mkahawa. Wateja wawili walihama meza. Kumbe sehemu zile wapo wazee ambao samaki hajawahi kuingia nyumbani kwao tangu enzi na enzi.

"Hii imekufa lini?" mama wa mkahawa aliuliza, amefunika pua.

"Ni ndagala, mama. Onja kamoja tu," Mama Godelive alimbembeleza.

Alionja kwa ncha ya ulimi, kisha akaonja kichwa, kisha akakaa nasi. Tulipoondoka alasiri alikuwa ameficha konzi nzima ya ndagala kabatini na kutuonya tusimwambie mume wake. Kwa ajili hiyo alitutafutia yeye mwenyewe nafasi kwenye lori la ndizi, akatushika mikono na kutusimamisha upande unaotakiwa, kama watoto wa ekaristi ya kwanza.

Kuingia Mbarara

Ndani ya lori la ndizi nilikaa mbele, kushoto kwa dereva. Wenzangu, hapo ndipo jasho liliponianza. Mahali pale miaka ishirini palikuwa na usukani na breki, na sasa hapakuwa na kitu. Kila gari lililokuja mbele yetu nililiona linakuja kutuua, na mguu wangu ulikanyaga sakafu kwa nguvu zote.

"Mzee, unachimba nini hapo chini?" dereva aliuliza.

Mbarara tulishuka mjini jioni jua likiwa bado lipo. Nilitaka kuvuka barabara. Nikatazama kushoto vizuri sana, kama mtu mwenye akili, nikaingia. Bodaboda ikatokea kulia. Mama Godelive alinivuta kwa ukosi wa shati, mfuko wetu wa viazi vitamu ukapasuka, viazi vikaenda kila mahali. Yule mwendesha boda, ambaye hakuwa na kosa hata moja, alisimama akatuokotea vyote. "Bambi mzee, pole sana," alisema, akanipa na kimoja kilichokuwa kimeviringika hadi mtaroni. Nilimshukuru huku nimeona aibu kweli kweli.

Uwanja wa mwalimu ulikuwa upande wa Makenke, si mbali na kambi ya jeshi. Mjini tulikuwa tumesikia Kinyankole karibu kila mahali. Tulipokaribia Makenke tukasikia wake wa askari wanabishana kwa Kiswahili kuhusu ndoo iliyopotea, na moyo wangu ukatulia. Mama Godelive alipata pa kulala kwa Mrundi mwenzake wa parokia. Mimi nilipewa kitanda katika stoo ya vipuri, katikati ya matairi.

Makenke: siku nne za kuwa kuruta

Mwalimu anaitwa Afande Jovia. Mlidhani mwanamume? Mimi pia. Ni mama wa makamo, mfupi, mwenye viatu vilivyong'arishwa, na aliendesha malori ya jeshi kabla ya kustaafu. Asubuhi ya Jumanne alinipa ufunguo, akanionyesha lori letu la kijani kwa kidevu.

Nilitembea kwa mwendo wa shofa. Nilifungua mlango wa kushoto, nikapanda, nikarekebisha kiti, nikanyoosha mikono. Hakuna usukani. Ulikuwa kule upande wa pili, unanitazama.

Afande alisimama nje, mikono nyuma. "Haya, mzee, endesha. Mimi nangoja."

Mama Godelive aligeuka kutazama ukuta, mabega yakimtetemeka.

Siku hiyo ya kwanza mkono wangu wa kulia ulipiga mlango mara zisizo na hesabu. Ulikuwa unatafuta gia. "Natafuta vitesi, Afande," nilieleza. "Vitesi iko huku!" alijibu, akipiga rungu la gia kwa kiganja. Nilipotaka kuwasha indiketa, waipa zikaanza kufuta kioo, maana vijiti navyo vimebadilishana pande. Jua kali, vumbi jekundu, na mimi nafuta kioo kila kona. "Mvua iko wapi, sebo?" Afande aliuliza mara ya kwanza. Baadaye aliacha kuuliza, akawa anainua tu kiganja nje ya dirisha, kupima kama inanyesha.

Na honi! Mnakumbuka kule Ngomo, kila kona honi, usipopiga unakutana na mwenzako puani. Nilipiga honi kila kona ya Makenke. Mlinzi mmoja wa geti alitufuata kwa macho mpaka tukapotea.

Jumatano Afande alinipeleka mjini, kwenye mzunguko. Siwezi kulisimulia jambo hili kwa kirefu. Niliingia mzunguko kwa upande wa kulia, jinsi Mungu alivyoniumba, na nikakutana uso kwa uso na mji mzima wa Mbarara. Boda zilitawanyika, mwenye mkokoteni wa mananasi akapandisha mkokoteni wake juu ya majani, na Afande akavuta breki ya mkono. Alishuka, akasimamisha magari yote kwa mkono mmoja, akanirudisha kinyumenyume kama gari la maonyesho. Hakuna aliyeumia. Tuliporudi uwanjani alinyoosha kiganja, nikampa ufunguo.

"Kesho wewe hapana endesha," alisema.

"Afande, nilikuwaka naendesha miaka makumi mbili!"

"Ndio hiyo tabu. Wewe iko na mwalimu ingine ndani ya kichwa. Mimi nasema, na yeye nasema. Sasa wewe nasikiza nani?"

Alhamisi, kwa kuwa lori lilikuwa limekaa bure, Mama Godelive aliomba kujaribu. Hakuwahi kushika gari maishani, hata la kuchezea. Nilicheka. Afande alimfungia mbele bango la herufi L, alama ya mwanafunzi wa udereva, akampandisha, akaniambia na mimi nipande katikati, nifunge mdomo. Mwanzoni lori liliruka na kuzima, likaruka na kuzima. Afande akisema klachi, mama anakanyaga klachi. Akisema kushoto, mama anakwenda kushoto. Kabla ya chakula cha mchana alikuwa anazunguka uwanja, ulimi umetoka kidogo pembeni ya mdomo, mkono wake wa kushoto unaingia kwenye gia bila kuuliza njia.

Niliona wivu. Naandika wazi kwa sababu nyinyi ni ndugu zangu. Niliteremka nikaketi juu ya tairi, nikawaza nitakavyorudi Juru juu ya baiskeli ya mtu, na dereva wa mjini mbele yangu amebeba mahindi yetu. Niliwaza jina langu. Ningekuwa Shofa wa kitu gani?

Mama Godelive alikuja na viazi viwili vya kuchemsha, akanipa kimoja.

"Unafanyaka je?" nilimwuliza. "Mbona wewe unaweza?"

"Mimi sijui kitu, Shofa," alisema, akitafuna. "Nafanya tu anachosema."

Nilimaliza kiazi. Kisha nilikwenda kwa Afande, aliyekuwa anapima mafuta ya injini, na nikasimama mbele yake. Maneno yale yalinitoka kwa shida kuliko kupanda Ngomo na mzigo wa saruji.

"Afande, unifundishe kama mutu hayaonaka gari hata siku moja."

Aliweka kijiti cha kupimia. Halafu akapaza sauti ya gwaride hadi wake wa askari wakatoka nje kuangalia. "Kuruta! Hii ni nini?"

"Mlango, Afande!"

"Mlango ya nani?"

"Ya dereva, Afande!"

"Iko mukono gani?"

"Ya kuume, Afande!"

Tulikwenda hivyo kila kitu, kimoja kimoja, mpaka kofia ya tangi. Nilitaja kila jambo kwa sauti kabla ya kulifanya: natazama kulia, natia gia kwa kushoto, nakaa kushoto. Yule mwalimu wa kichwani alijaribu kuingilia, lakini sauti yangu mwenyewe ilimzidi. Wanawake wa Makenke walianza kujibu pamoja nami kutoka kwenye ua. Mchana wa Ijumaa niliingia mzunguko, nikauzunguka kushoto mara nne mfululizo, na yule mwenye mananasi alinipungia mkono kutoka mbali, kwa mbali sana.

Jibu la Afande alilipokea Mama Godelive kwa masikio yake: "Mwambie watu yenu, huyu sasa najua kidogo. Kidogo ni mzuri. Ile mingi ndio ilikuwa mbaya." Alimpa Mama Godelive lile bango la L, na kumwonya asiendeshe bila dereva pembeni.

Kurudi

Jumamosi asubuhi tuliondoka Mbarara, mimi kulia, Mama Godelive kushoto na rozari mkononi. Nilitaja kila kitu kwa sauti mpaka tulipotoka mjini, halafu nikapunguza, halafu nikasahau kutaja. Lami iliisha, vumbi likaanza. Mama Godelive aliimba nyimbo za kwaya yao na mimi nilitia besi pale nilipojua maneno.

Kwenye kona moja, kilima upande mmoja na korongo upande mwingine, lilitokea lori la ng'ombe, zile pembe ndefu zimejaa juu kama kichaka, limekuja katikati ya barabara. Hapakuwa na muda wa kutaja lolote. Mikono yangu ilikwenda yenyewe. Ilikwenda kushoto.

Tulipita kwa upana wa kiganja. Nilisimamisha gari mbele kidogo, nikazima injini. Nilicheka, kisha machozi yakanitoka.

"Tumepona, Shofa," Mama Godelive alisema. "Unalia nini?"

"Ngomo imetoka mu mikono yangu, mama. Nikirudi kule leo, nitaanguka mu shimo."

Alifikiri. "Basi siku ukirudi utamwomba mtu akufundishe. Si unajua sasa kuomba?"

Niliipangusa pua. Nilifurahi na kuhuzunika kwa pamoja, na furaha ilikuwa nyingi zaidi. Nilimwona anautazama usukani kwa jicho la pembeni, kama mtu anayetazama sahani ya jirani. Nikakumbuka msaidizi wangu wa njia ya Bukavu, aliyekaa nami miaka tisa, akasukuma, akafunga minyororo, akalala chini ya lori, na hata siku moja sikumwachia usukani. Sote tulikuwa hivyo. Shofa hapishi mtu kitini pake, tulisema, na tuliona ni heshima. Sijui yule bwana yuko wapi leo, na najua nilimkosea.

Tulipofika ile njia iliyonyooka ya kuingia Juru, tambarare, mashamba ya maharage pande zote, nilisimama tena. Tulifunga lile bango la L mbele. Nikateremka, nikazunguka lori, nikafungua mlango wa kushoto.

"Sogea, mama. Tubadilishe."

Hakuuliza mara mbili. Alipiga ishara ya msalaba, akatia gia, tukaenda.

Kikundi kizima kilikuwa kinatungoja kando ya magunia. Mama Godelive alikwepa shimo la pale kisimani vizuri kuliko ambavyo ningekwepa mimi, akasimama taratibu. Vumbi lilitufunika. Watu wakakimbilia mlango wangu, Wakongomani kwa Warundi, wanapiga makofi na vigelegele. "Shofa! Shofa ameileta!" Mwenyekiti alipenyeza mkono dirishani, akaushika wangu akautikisa. "Ulivyopita pale ku shimo, Shofa! Ule mwendo ni wa Kivu kabisa!"

Ikanichukua muda kuelewa. Kwetu sote, anayekaa kushoto ndiye dereva. Walikuwa wameona lori linakuja, wakaniona mimi kushoto, na macho yao hayakutafuta zaidi. Upande wa kulia hakuenda mtu hata mmoja. Mama Godelive alikuwa amezima injini, mikono bado juu ya usukani, jasho limemtiririka hadi kidevuni.

Makofi yale niliyangoja miaka saba, na yalikuwa matamu. Niliyaacha yaendelee kidogo, nakiri. Kisha nikatoa kichwa nje.

"Bandugu," nilisema, "muzunguke. Dereva iko upande ile ingine."

Walitazamana. Halafu, mmoja baada ya mwingine, wakaanza kuzunguka lori.